Makande ya Durban: Mahindi ya Kukoboa, Nazi na Pilipili Mbichi

Kila mwaka tunapokutana hapa Durban kuadhimisha Uhuru wa tarehe 9 Desemba 1961, hotuba hutangulia na chakula hufuata. Wazazi hukumbuka hotuba, watoto hukumbuka chakula. Pilau haikosi, maandazi hayakosi, na siku zote kuna sufuria moja kubwa ya makande ya nazi yenye pilipili mbichi zinazoelea juu ya tui. Hiyo ndiyo sufuria tuliyoamua kuiandikia historia katika jarida la mwaka huu.

Tumeamua hivyo kwa sababu ya swali ambalo watoto wetu wengi waliozaliwa hapa wamekuwa wakituuliza. Shuleni wenzao hula isitambu, yaani mahindi ya kukoboa na maharage. Nyumbani mama hupika makande, ambayo ni mahindi ya kukoboa na maharage. Basi mtoto huuliza: hiki ni chakula cha kwetu au cha huku? Swali linaonekana dogo, lakini ndani yake lipo jingine kubwa zaidi: na mimi je, ni wa kwetu au wa huku? Makala haya ni jitihada yetu ya kulijibu.

Majina mengi, sufuria moja

Tuanze na majina. Wapare na Wasambaa, ambao wengi wetu tunawatania kwa kupenda makande kupita kiasi, ndio wanaojulikana zaidi nchini Tanzania kwa chakula hiki. Pwani wapo wanaokiita pure. Kenya, Wakikuyu wana githeri, na Wakamba wana muthokoi, ambayo ni mahindi yaliyokobolewa hasa, kama haya tunayoyazungumzia. Ukishuka kusini unakuta Waxhosa na umngqusho, chakula ambacho mara nyingi kimetajwa kuwa kipenzi cha Mzee Nelson Mandela. Wazulu wanaotuzunguka hapa wana isitambu. Katika maduka makubwa ya hapa mjini mahindi yenyewe huuzwa katika mifuko iliyoandikwa samp.

Jambo linalounganisha majina hayo ni kazi. Mahindi makavu hunyunyiziwa maji, hutiwa ndani ya kinu, na hutwangwa kwa mchi mpaka ganda la nje liachane na punje. Kisha hupepetwa kwa ungo, pumba zinakwenda kwa kuku, na punje nyeupe zinabaki. Mama zetu na bibi zetu waliofanya kazi hiyo wanajua uzito wake mikononi. Watoto wetu wanaokata mfuko kwa mkasi hapa Durban wanapaswa angalau kujua kwamba zamani mfuko huo ulikuwa asubuhi nzima ya jasho.

Kila kilichomo kilikuja na jahazi au meli

Sasa tuangalie yaliyomo sufuriani. Mahindi yalianza kulimwa Mexico, maelfu ya miaka iliyopita. Maharage yetu mekundu na ya madoa pia asili yake ni Amerika. Nyanya ni ya huko huko, na pilipili kali za aina zote, mbichi na kavu, ni za huko pia. Vitu hivyo vilivuka bahari baada ya Wazungu kufika Amerika mwaka 1492, na Wareno ndio walioviingiza kwa wingi katika pwani zetu. Nazi nayo ni mgeni wa zamani zaidi. Ilifika Afrika Mashariki kwa mikono ya mabaharia wa Bahari ya Hindi kutoka pande za Asia, karne nyingi kabla ya Mreno yeyote.

Vasco da Gama alipita katika pwani hii ya Durban wakati wa Krismasi mwaka 1497, ndiyo maana akaipa jina la Natal, neno la Kireno linalomaanisha Krismasi. Miezi minne baadaye, Aprili 1498, alikuwa Mombasa na Malindi. Njia iliyoleta mahindi na pilipili kwetu ndiyo hiyo hiyo iliyopita mlangoni mwa jiji tunaloishi leo.

Lugha zimehifadhi alama za safari hiyo. Sisi tunasema mahindi, neno linalotukumbusha Uhindi, kwa sababu kwa watu wa pwani kitu kigeni kilichokuja na meli kilionekana kimetoka huko. Tunasema pilipili, neno tulilolipata kutoka kwa wafanyabiashara wa Bahari ya Hindi, ambalo kwanza lilikuwa la pilipili manga na baadaye likahamia kwenye pilipili kali ya Amerika. Wazulu husema upelepele. Migahawa ya hapa mjini huandika peri-peri kwenye kuku wao, neno lililopita Msumbiji na ambalo ni ndugu wa pilipili yetu. Mtoto wetu akisoma ubao huo anasoma Kiswahili kilichosafiri.

Katika sufuria hiyo kipi basi ni cha Afrika tangu mwanzo? Kinu na mchi. Na kunde, ambazo bibi zetu walizitia badala ya maharage, na ambazo asili yake ni bara hili hili. Waafrika walilipokea zao geni wakalitendea kama walivyozoea kuutendea mtama: wakalitwanga, wakalipepeta, wakalipika pamoja na jamii ya kunde.

Mapishi hayo yalikuwa na busara ambayo wenyewe hawakuhitaji kuisoma kitabuni. Kule Mexico wanawake walichemsha mahindi pamoja na chokaa au majivu. Ganda lilitoka, na vitamini iitwayo niasini, ambayo mwili hauwezi kuipata vizuri kutoka kwenye mahindi matupu, ikafunguka. Ulaya walichukua mahindi wakaiacha chokaa. Maskini wa Hispania na Italia waliokula mahindi karibu kila siku bila kitu kingine wakapatwa na ugonjwa wa pelagra, unaochubua ngozi, kuharisha na kuvuruga akili. Kwetu hatukutumia chokaa, lakini tuliweka maharage au kunde ndani ya sufuria hiyo hiyo, na pengo likazibwa. Mtu akikwambia makande ni chakula cha kimaskini, mjibu kwamba ni chakula cha watu waliojua kulisha watoto.

Waliotutangulia Durban

Wengi wetu tunadhani sisi ndio Waswahili wa kwanza katika jiji hili. Siyo kweli. Agosti 1873 kundi la kwanza la watu 113 lilishushwa katika bandari ya Natal kutoka Zanzibar. Walikuwa watumwa waliokamatwa baharini na meli za kivita za Waingereza, mwaka ule ule ambao Sultani Barghash alitia saini mkataba wa kufunga soko la watumwa la Zanzibar. Hadi mwaka 1880 walifuata mamia wengine. Wengi walikuwa Wamakua wa kaskazini mwa Msumbiji, lakini kwa kuwa walitokea Zanzibar, Durban iliwaita Wazanzibari, na jina hilo wanalo hadi leo.

Waliitwa watu huru, lakini kwanza walitakiwa kutumikia miaka mitano kwa masharti kama ya vibarua wa Kihindi. Baadaye wakajikusanya King's Rest, kwenye kilima cha Bluff upande wa pili wa bandari, ambako wadhamini wa msikiti wa Juma wa mtaa wa Grey walinunua ardhi kwa ajili yao. Hapo wakajenga msikiti, wakalima bustani, wakalea watoto, na Kimakua kikaendelea kusemwa majumbani.

Utawala wa ubaguzi wa rangi ulipokuja na vitabu vyake vya kuwapanga watu, haukujua uwaweke wapi. Walikuwa Waafrika, lakini Waislamu. Walikuwa weusi, lakini si Wazulu. Mwishowe wakaandikwa kuwa "Waasia wengineo". Mwanzoni mwa miaka ya 1960 walihamishwa kwa nguvu kutoka Bluff na kupelekwa Chatsworth, mtaa uliotengwa kwa Wahindi. Fikirini, ndugu zetu: katika miaka ile ile ambayo Mwenge ulikuwa umewashwa juu ya Kilimanjaro, watu walioitwa kwa jina la kisiwa chetu walikuwa wanafungasha vyombo vya jikoni hapa Durban kwa sababu karatasi imesema hawaruhusiwi kukaa walipozaliwa.

Deni la kurudi na kwenda

Historia haikwenda upande mmoja tu. Mwalimu Nyerere alikuwa London Juni 1959, kabla hata ya Uhuru wetu, akiwa miongoni mwa waliozindua kampeni ya kususia bidhaa za Afrika Kusini. Baada ya Uhuru, wapiganaji wa ANC walipewa kambi Kongwa mwaka 1964. Baada ya vijana wa Soweto kuasi mwaka 1976, wakimbizi waliongezeka, na Tanzania ikatoa ardhi Mazimbu, Morogoro, palipojengwa shule iliyopewa jina la Solomon Mahlangu, kijana aliyenyongwa Pretoria tarehe 6 Aprili 1979.

Tanzania iliyowapokea haikuwa tajiri. Wazazi wetu wanakumbuka ukame wa katikati ya miaka ya 1970 na kampeni ya Kilimo cha Kufa na Kupona. Wanakumbuka foleni, na unga wa njano wa msaada ambao watu waliubandika jina la unga wa Yanga. Katika miaka hiyo ya kupimiana unga, mlango wa wageni kutoka kusini haukufungwa. Mwaka 1992, wenyewe walipokuwa wanarudi kwao, Mazimbu ilikabidhiwa kwa serikali ya Tanzania, na leo ni kampasi ya Chuo Kikuu cha Sokoine.

Sokoni Warwick

Sisi tulikuja baadaye, wengi baada ya mwaka 1994. Wengine tulikuja kwa mabasi, tukivuka mpaka baada ya mpaka; wengine kwa meli, kama mabaharia; wengine kwa masomo na kazi za ofisini. Wengi tulianzia katikati ya jiji, katika vyumba vya kugawana kule Point na South Beach, na mboga yetu ya kwanza tuliinunua Warwick.

Soko la Alfajiri la Warwick lina historia yake. Vibarua wa Kihindi walianza kuletwa Natal tarehe 16 Novemba 1860, kwa meli iitwayo Truro, kufanya kazi katika mashamba ya miwa. Mgao wao wa chakula ulitegemea mchele, lakini mara nyingi walipewa mahindi mahali pa mchele. Waliomaliza mikataba wakageukia bustani za mboga, wakawa wanaleta mjini mazao yao kabla ya mapambazuko. Kutokana na wakulima hao ndipo soko lilipozaliwa. Mwaka 2009 palikuwa na mpango wa kulibomoa ili pajengwe jengo kubwa la maduka. Wachuuzi walikataa, wakapambana, na soko likabaki.

Hatua chache kutoka hapo wapo akina mama wa Kizulu wanaochemsha mahindi mabichi kwenye mapipa. Ukivuka unafika soko la mtaa wa Victoria, ambao sasa unaitwa Bertha Mkhize. Soko la zamani liliungua mwaka 1973, na jengo jipya likafunguliwa mwaka 1990. Huko ndiko kwenye viungo vya kila rangi. Na katika maduka ya Kihindi ya mtaa wa Grey, sasa Dr Yusuf Dadoo, tulikuta kitu ambacho hatukutarajia mbali hivi na Tanga: nazi. Wahindu huzitumia katika ibada, na sisi tukazinunua kwa ajili ya tui. Pilipili mbichi zimo kila meza, ndefu, za kijani kibichi, zimepangwa mafungu mafungu, kwa sababu Wahindi wa Durban hawapiki bila hizo.

Kwa hiyo makande ya Durban yanatoka kwa majirani watatu. Mahindi tunayapata kama Wazulu wanavyoyala, nazi na pilipili tunazipata kwa Wahindi, na mkono wa kuyaunganisha ni wa kwetu.

Jinsi tunavyopika

Kwa watu wanane, chukua vikombe viwili vya mahindi ya kukoboa na kikombe kimoja cha maharage ya madoa. Chambua, osha, na uloweke kila kimoja peke yake usiku kucha. Asubuhi mwaga maji hayo. Chemsha mahindi kwanza kwa muda wa saa moja kwa maji mengi, kisha tia maharage, na uendelee kwa moto mdogo saa nyingine moja na nusu au zaidi, ukiongeza maji ya moto yanapopungua. Nyanya usitie mapema. Maharage hukawia kuiva. Umeme ukikatika, kama tulivyozoea hapa, funika sufuria iliyokwisha kuchemka vizuri, izungushie blanketi nene, na uiache: joto litaendelea na kazi. Umeme ukirudi, ichemshe tena mpaka punje zibonyee.

Kuna nazi mbili. Zikune kwenye mbuzi kama unayo, au zisage kwa mashine. Kamua tui zito uliweke pembeni, kisha kamua tui jepesi. Mahindi yakishalainika, tia tui jepesi pamoja na vitunguu viwili vilivyokatwa na nyanya moja kama unapenda, uache yachemke mpaka yakaribie kukauka. Hapo ponda sehemu ndogo ya makande kwa mwiko dhidi ya ukingo wa sufuria; hiyo ndiyo siri ya uzito wake. Tia chumvi, kisha tui zito, na ukoroge taratibu kwa moto mdogo bila kuacha, tui lisikatike.

Pilipili mbichi sita au nane ni za mwisho. Mbili zipasue kwa urefu ili ziachie ukali. Zilizobaki zitie nzima, zitoe harufu bila kuwachoma watoto. Dakika kumi zinatosha. Zikikaa sana hupoteza ukijani na harufu yake. Walioshindwa kupata nazi hutumia maziwa na siagi kidogo, kama wafanyavyo baadhi ya watu wa bara. Na usisahau kubakiza kiporo: makande yaliyolala, yakipashwa asubuhi na kuliwa kwa chai ya rangi, huwa matamu kuliko ya jana.

Jibu la swali la watoto

Aprili 2015 mji huu ulitukataa. Fujo zilizoanza upande wa Isipingo ziliingia hadi katikati ya jiji. Maduka ya wageni kutoka nchi za Afrika yalivunjwa, na maelfu ya watu walilala kwenye mahema. Moja ya kambi hizo ilikuwa Chatsworth, mtaa ule ule walikopelekwa Wazanzibari wa Bluff miaka hamsini kabla. Tarehe 16 Aprili watu wengi wa Durban, wa dini na rangi zote, waliandamana mjini kupinga ukatili huo. Yote mawili yalitokea katika wiki moja, na yote mawili tunapaswa kuwasimulia watoto. Tukiwasimulia la kwanza tu tutawafunza chuki, na tukiwasimulia la pili tu tutakuwa tumewadanganya.

Tangu wakati huo wapo watoto wetu wanaoogopa kusema Kiswahili ndani ya teksi, na wapo waliokataa kubeba makande shuleni wasije wakaulizwa yametoka wapi. Hao ndio tunaowaandikia.

Watoto wetu, mkiulizwa makande ni ya nani, semeni hivi. Mahindi yalikuwa mgeni Tanga na yalikuwa mgeni Durban. Nazi ilikuwa ngeni, pilipili ilikuwa ngeni, na maharage pia. Hakuna aliyeviuliza karatasi. Vilifanywa vya wenyeji na watu waliovitwanga, wakavichemsha, wakawalisha watoto wao na majirani zao. Isitambu na makande ni ndugu waliolelewa nyumba mbili. Anayekula kimoja si mgeni kwa mwenzake. Nanyi vilevile: hamlazimiki kuchagua kati ya kwenu mlikozaliwa na kwenu walikotoka wazazi wenu.

Wazazi nao wana wajibu. Siku ya sherehe yetu sufuria isiwe yetu peke yetu. Mwaliko umpelekee jirani wa Kizulu wa mlango wa pili, muuza nazi wa mtaa wa Grey, na mama wa mahindi wa Warwick. Na watoto wasikae tu kusubiri sahani. Wapewe mwiko wakoroge tui, waonyeshwe pilipili ipi ya kupasua na ipi ya kuacha nzima.

Tunawatakieni nyote sherehe njema. Uhuru na Umoja.